Nyuma ya Mstari wa Adui Kuna Nyumba za Watu



Vijana wetu wanapenda sana hadithi za makomando. Huzitazama katika filamu, huzisoma vitabuni, na ukipita jioni katika vibaraza vya hapa Gisimenti utawakuta wakisimuliana jinsi Waingereza wachache walivyoingia usiku katika kambi ya adui, wakaziunguza ndege zake, wakatoweka kabla ya jogoo kuwika. Hapana ubaya katika kupenda habari za ushujaa. Lakini yatupasa sisi wazazi na walezi kuzifahamu vyema habari hizo, ili mtoto akiuliza tumjibu kwa ukweli, na tumwonyeshe jambo ambalo filamu aghalabu haina nafasi ya kulionyesha.

Jambo lenyewe ni kwamba nchi iliyo nyuma ya mstari wa adui ina wenyeji wake. Ina mama anayepika, ina mzee asiyeweza kukimbia, ina mtoto mchanga anayelia usiku. Mara nyingi watu hao ndio wanaoamua kama askari aliyejificha ataiona kesho, na mara nyingi pia wao ndio wanaolipizwa kisasi askari huyo akishaondoka. Wiki hii tutalizungumza jambo hilo, kwanza kwa mifano ya Waingereza wenyewe, kisha kwa yale yaliyotokea katika jiji letu la Kigali mwaka 1994, mengine mwendo mfupi tu kutoka hapa tulipo.

Waingereza jangwani

Mwaka 1940, katika Vita Kuu ya Pili, Ufaransa ilianguka mikononi mwa Wajerumani, na jeshi la Uingereza lililokuwa huko likarudi kwao kwa meli na mashua, likiacha nyuma zana zake nyingi. Mwezi Julai mwaka huo serikali ya Waziri Mkuu Churchill iliunda idara ya siri iliyojulikana kwa herufi SOE, ambayo kazi yake ilikuwa kupeleka watu katika nchi zilizotekwa ili wavuruge reli, viwanda na mawasiliano ya adui. Huko Misri, mwaka huo huo, ofisa mmoja kwa jina Ralph Bagnold, ambaye kabla ya vita alikuwa amelizunguka jangwa la Libya kwa motokaa, aliruhusiwa kuunda kikosi cha doria za masafa marefu. Julai 1941 ofisa kijana, David Stirling, akaanzisha kikosi kingine kidogo cha askari wa miavuli, ndicho hicho kiitwacho SAS ambacho sifa zake zimeenea hata leo.

Mwanzo wa SAS haukuwa wa kujivunia. Novemba 1941 waliruka kwa miavuli usiku, katikati ya dhoruba, watu wasiofika 60, na zaidi ya nusu yao hawakurudi. Baada ya msiba huo waliiacha miavuli kwa muda, wakaomba kubebwa na malori ya kile kikosi cha doria. Julai 1942 waliingia kwa magari madogo ya Jeep katika uwanja wa ndege wa Sidi Haneish, nchini Misri, wakaharibu zaidi ya ndege 30 kwa usiku mmoja. Habari kama hiyo ndiyo inayopendwa na watengeneza filamu.

Lakini siri ya mafanikio hayo ilikuwa katika mambo ambayo mama wa nyumbani angeyaelewa upesi kuliko mtazamaji wa sinema. Ilikuwa katika kupima maji. Kila mtu alikuwa na kipimo chake cha siku, na hakuna aliyeruhusiwa kukizidisha. Hata maji ya injini yalihifadhiwa: yalipochemka, mvuke wake uliongozwa kwa mpira hadi katika chombo pembeni ili upoe na kurudi kuwa maji. Njia waliitafuta kwa dira ya jua, yaani kijiti kinachotupa kivuli juu ya sahani yenye alama, kwa sababu dira ya sumaku hupotoshwa na chuma cha gari. Kazi yenyewe ilikuwa ya subira na hesabu, na saa za kufyatua risasi zilikuwa chache kuliko siku za kungoja.

Hata jangwani, ambako watu ni wachache, Waingereza wengi waliopotea au kuponyoka utekwani waliokolewa na Waarabu wa Senusi, waliowapa tende, maziwa na njia ya kurudi. Waarabu hao walikwisha kuonja ukali wa Waitalia kwa muda wa miaka mingi, na walijua kabisa adhabu ya kumficha Mwingereza.

Palipo na watu wengi

Mfano ulio karibu zaidi nasi ni wa Ethiopia. Januari 1941 Mfalme Haile Selassie, aliyekuwa uhamishoni Uingereza tangu mwaka 1936, alivuka mpaka kutoka Sudan akaingia tena nchini mwake. Ofisa Mwingereza Orde Wingate ndiye aliyeongoza kikosi kidogo alichokiita Gideon, chenye Wasudani na Waethiopia wasiofika 2,000 pamoja na maofisa wachache Waingereza. Mizigo yao ilibebwa na maelfu ya ngamia, na karibu ngamia wote walikufa katika safari ile ya kupanda milima ya Gojjam. Upande wa kusini, askari wa Keya na wenzao walikuwa wakisonga mbele kutoka Kenya. Mei 5, 1941, Mfalme akaingia Addis Ababa, miaka mitano kamili tangu siku Waitalia walipouteka mji huo.

Wingate alipata sifa nyingi, na hakika alistahili sehemu yake. Lakini kabla hajafika, wazalendo wa Ethiopia walikuwa wamekwisha kupigana milimani kwa miaka mitano, wakilishwa na vijiji. Gharama ya jambo hilo ilikuwa nzito. Februari 1937, baada ya vijana wawili kumrushia mabomu ya mkono gavana wa Kiitalia, Graziani, mjini Addis Ababa, Waitalia waliwaua maelfu ya watu wa mji kwa muda wa siku tatu. Wengi wa waliouawa hawakuwa na habari yoyote juu ya njama ile. Walikuwa majumbani mwao.

Mambo kama hayo yalitokea pia Ulaya. Katika majira ya joto ya mwaka 1944 askari wa SAS walishushwa kwa miavuli katika milima ya Vosges, mashariki mwa Ufaransa. Walitazamia kukaa siku chache mpaka jeshi kubwa la Marekani liwafikie, lakini jeshi hilo lilichelewa, nao wakabaki msituni kwa wiki nyingi bila chakula cha kutosha. Waliokoka kwa sababu wanavijiji waliwaletea mkate na viazi. Wajerumani walipolijua jambo hilo, Septemba mwaka huo walikizingira kijiji cha Moussey, wakawakusanya wanaume wake na kuwahoji waseme waliko Waingereza. Hawakusema. Wakachukuliwa wakapelekwa katika kambi za mateso, na wengi wao hawakurudi tena. Waingereza zaidi ya 30 waliotekwa katika operesheni hiyo nao waliuawa, maana Hitler alikuwa ametoa amri tangu Oktoba 1942 kwamba komando yeyote akishikwa asihifadhiwe hai.

Wala tusisahau wanawake. Noor Inayat Khan, binti wa baba Mhindi na mama Mmarekani, alipelekwa Ufaransa na SOE mwezi Juni 1943, mwanamke wa kwanza wa idara hiyo kutumwa huko kama mtumaji habari kwa simu ya upepo. Alihama kutoka nyumba hadi nyumba mjini Paris akiwa amebeba chombo chake ndani ya sanduku, akijua kwamba Wajerumani wana magari ya kunusa mawimbi ya redio. Alisalitiwa, akakamatwa, na Septemba 1944 akauawa katika kambi ya Dachau. Katika miezi yake ya kazi, kila mlango uliofunguliwa kwa ajili yake ulifunguliwa na mtu aliyejua kuwa huenda akauawa pamoja naye.

Gisimenti na jirani zake, 1994

Sasa turudi nyumbani. Gisimenti tunayoijua leo, katika Remera ya wilaya ya Gasabo, ni mtaa wa maduka, mahoteli na mishikaki ya mbuzi. Jirani yetu ni Uwanja wa Amahoro, ambao ulijengwa upya na kufunguliwa Julai 1, 2024, ukiwa na viti 45,000. Kijana anayekuja kutazama mpira huvuka barabara zile zile ambazo mwaka 1994 kuvuka kwake kulikuwa ni kufa au kupona.

Wazee wanakumbuka mambo yalivyopangika. Agosti 4, 1993, mjini Arusha, serikali ya Rwanda na RPF zilitia sahihi mkataba wa amani. Mkataba huo uliiruhusu RPF kuleta Kigali batalioni moja ya askari 600 wawalinde viongozi wake, wakati serikali ya mpito ikisubiriwa. Desemba 28, 1993, askari hao waliingia jijini wakisindikizwa na jeshi la Umoja wa Mataifa, wakapewa makao katika jengo la Bunge, lililoitwa CND wakati ule, juu ya kilima cha Kimihurura. Jiji lote lililowazunguka lilikuwa mikononi mwa jeshi la serikali, na kambi ya Walinzi wa Rais ilikuwa karibu nao kabisa. Kwa hiyo, bila mwavuli na bila giza la usiku, askari 600 walikuwa tayari nyuma ya mstari kabla vita havijaanza tena.

Usiku wa Aprili 6, 1994, ndege iliyomchukua Rais Habyarimana wa Rwanda na Rais Ntaryamira wa Burundi, wakitoka katika mkutano wa Dar es Salaam, ilidunguliwa ilipokuwa ikikaribia kutua Kigali. Kesho yake mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi yakaanza. Waziri Mkuu Agathe Uwilingiyimana aliuawa asubuhi hiyo, na askari 10 wa Ubelgiji wa Umoja wa Mataifa wakauawa siku hiyo hiyo. Hapa Remera, katika Kituo cha Christus cha mapadri Wajesuti, watu 17 waliuawa. Waziri Landoald Ndasingwa, mwenye hoteli ya Chez Lando ambayo kila mkazi wa Gisimenti anaijua, aliuawa siku hiyo pamoja na mama yake, mkewe na watoto wao.

Alasiri ya Aprili 7 wale askari wa CND, chini ya Charles Kayonga, walitoka katika jengo lao wakaanza kupigana. Kwa siku kadhaa walipigana wakiwa wamezingirwa, mpaka wenzao walipowafikia kutoka Mulindi, kaskazini ya nchi, baada ya mwendo wa siku tatu hivi kwa miguu. Tangu hapo mstari wa vita ulilikata jiji letu kama kisu. Remera na viunga vyake vikaingia katika upande wa RPF, na katikati ya jiji kukabaki katika mikono ya jeshi la serikali na wanamgambo wa Interahamwe.

Katika Uwanja wa Amahoro watu wapatao 12,000 walikimbilia chini ya bendera ya Umoja wa Mataifa. Maji yalikuwa haba, vyoo havikutosha, maradhi ya kuhara yakaingia, na makombora yaliangukia hata ndani ya uwanja. Aprili 21 Baraza la Usalama liliamua kulipunguza jeshi lake hapa hadi watu 270 tu. Hata hivyo wale waliofika uwanjani walihesabiwa kuwa na bahati, kwa sababu maelfu ya wengine walikuwa ng'ambo ya mstari, kilometa chache tu, wakiwa wamejificha darini, katika mashimo ya vyoo, katika migomba na mabondeni.

Kwa mtu kama huyo, mstari wa adui haukuwa mbali katika ramani. Ulikuwa kizuizi cha magogo mbele ya nyumba, penye vijana wenye mapanga waliodai kuona kitambulisho, na kitambulisho cha wakati ule kiliandikwa kabila la mtu. Mama aliyekwenda kuchota maji alikuwa amekwisha kuvuka mstari huo. Komando wa Stirling alifundishwa miezi mingi kabla ya kuvuka, akapewa silaha, na alikuwa na wenzake wa kumsubiri. Mama huyu hakuwa na lolote kati ya hayo, na mgongoni alikuwa na mtoto.

Usiku wa Saint Paul

Karibu na katikati ya jiji kuna kanisa la Sainte Famille, na kando yake Kituo cha Saint Paul. Mwaka ule sehemu zote mbili zilijaa wakimbizi, na zote zilikuwa ndani kabisa ya eneo la jeshi la serikali na wanamgambo. Mara kwa mara wanamgambo walikuja na orodha ya majina, wakawachukua watu na kwenda kuwaua. Katika Saint Paul alikuwapo padri Célestin Hakizimana, ambaye alijitahidi kwa kila njia kuwalinda waliokuwa chini yake, na ambaye baadaye alifanywa Askofu wa Gikongoro.

Usiku wa kuamkia Juni 17, 1994, kombania moja ya askari wa RPF ilipenya mstari kwa siri, ikaenda mwendo wa kilometa kama mbili ndani ya eneo la adui, ikafika Saint Paul, ikawaamsha watu na kuwaongoza kutoka. Jenerali Roméo Dallaire, Mkanada aliyekuwa mkuu wa jeshi la Umoja wa Mataifa hapa, ameeleza kuwa waliookolewa walikuwa kama 600. Wako wasimulizi wengine wanaotaja idadi kubwa zaidi. Kwenda kulikuwa kwa kimya. Wakati wa kurudi waligunduliwa, na sehemu ya mwisho ya safari ilipitiwa chini ya milio ya bunduki na mizinga.

Akina mama wasomaji wetu, hebu lifikirini jambo hilo. Kuwapitisha watu mamia gizani, katikati ya jiji lenye vizuizi, miongoni mwao wakiwa wagonjwa, wazee wenye kikohozi na watoto wachanga. Anayejua kulea hatahitaji kuelezwa uzito wa kumnyamazisha mtoto mwenye njaa kwa saa kadhaa. Nidhamu ya askari ilikuwa kubwa usiku ule, lakini hata askari hodari asingeweza kuwatoa watu hao kama wao wenyewe wasingekuwa na nidhamu. Katika safu ile ya gizani kila mmoja alikuwa na kazi, hata yule aliyebebwa.

La kusikitisha ni yale yaliyofuata. Mchana wa Juni 17 wanamgambo, kwa hasira ya kunyang'anywa watu wao wa kuua, waliingia Sainte Famille, kanisa lililo kando tu ya Saint Paul, wakawaua makumi ya watu waliokuwa wamebaki humo. Usiku mmoja na mchana wake, kutoka nyua mbili zilizopakana, hawa waliokolewa na wale wakauawa.

Je, tuseme basi kwamba isingefaa kuwaokoa wa Saint Paul? La hasha. Damu ya Sainte Famille iko juu ya waliomwaga damu hiyo, kama ya Moussey ilivyo juu ya waliokizingira kijiji kile. Wauaji hao walikuwa wakiua tangu Aprili bila kuchokozwa na mtu. Lakini ni wajibu wetu kuisimulia hadithi yote. Ukimsimulia mtoto habari za Saint Paul ukanyamaza juu ya Sainte Famille, umempa nusu ya ukweli, na mzazi aliyempoteza mwanawe katika nusu ile ya pili bado yu hai na anasikia.

Vivyo hivyo ukweli unatudai tuseme kwamba hakuna jeshi lililopita katika vita vile bila kushutumiwa. Taarifa za Umoja wa Mataifa na za mashirika ya haki za binadamu ziliandika pia mauaji ya raia yaliyofanywa na askari wa RPF mwaka ule. Kulitaja hilo hakupunguzi hata chembe ukweli wa mauaji ya kimbari, ambayo yalipangwa ili kulifuta kabila zima, na ambayo kwa hesabu ya serikali ya Rwanda yalichukua zaidi ya watu 1,000,000 katika siku 100. Wala hakuondoi ukweli kwamba askari wa RPF ndio walioyakomesha, wakauteka mji wa Kigali Julai 4, 1994.

Mwanamke wa Ruhango

Tumesema kuwa nyuma ya mstari kuna nyumba za watu. Yafaa basi tutaje angalau nyumba moja. Katika kijiji cha Musamo, wilaya ya Ruhango, aliishi mama mmoja mkongwe, mjane, aitwaye Zura Karuhimbi. Hakuwa na bunduki wala mali. Alikuwa na nyumba ndogo na sifa ya kuwa mganga wa miti shamba. Ndani ya nyumba hiyo na katika shamba lake aliwaficha watu ambao wanatajwa kuwa zaidi ya 100.

Wanamgambo walipofika mlangoni, bibi huyo aliwatishia kwa mizimu. Alitikisa bangili zake, akawaambia kwamba atakayevuka kizingiti atajiletea hasira ya Nyabingi. Alijipaka mikononi dawa ya majani yenye kuwasha, akawagusa, nao walipohisi ngozi inawaka waliamini laana imekwisha kuanza. Wakarudi nyuma. Waingereza walikuwa na idara nzima ya kubuni hila za namna hiyo. Bibi Zura alibuni zake jikoni. Mwaka 2006 alipewa nishani ya kupambana na mauaji ya kimbari, na Desemba 2018 akafariki dunia.

Hakuwa peke yake. Katika mitaa ya Nyamirambo na Biryogo, ambako Kiswahili kimezungumzwa tangu siku za mababu, ziko familia za Waislamu zilizowafungulia jirani zao milango, zikawalisha kutoka sufuria moja na kuwavika nguo za watoto wao. Huko na kwingineko nchini wako pia waliokataa, na wako waliowasaliti waliokimbilia kwao. Mlango mmoja ulifunguka na wa jirani ukafungwa, katika barabara ile ile, usiku ule ule. Wahenga walisema akufaaye kwa dhiki ndiye rafiki, na mwaka ule methali hiyo ilipimwa kwa damu.

Tuwaambie nini watoto?

Wasomaji wengi watauliza: habari hizi nzito zina nafasi gani katika ukurasa wa nyumbani? Tunaamini zina nafasi, kwa kuwa mtoto asipozisikia nyumbani atazisikia kwingine, na huenda akazisikia vibaya. Kwa hiyo tunatoa mashauri machache.

Kwanza, mtoto akisifu makomando wa filamu, usimkemee. Msikilize, kisha umwulize maswali: askari yule alikula nini siku ile? Nani alimwonyesha njia? Yule aliyempa maji alipatwa na nini kesho yake? Maswali hayo matatu yatamfundisha zaidi ya hotuba ndefu, na atayauliza mwenyewe atakapotazama filamu nyingine.

Pili, mpeleke mahali penyewe. Katika jengo la Bunge, Kimihurura, mna makumbusho ya mapambano ya kukomesha mauaji ya kimbari, yaliyofunguliwa Desemba 2017. Kutoka Gisimenti si safari ya kutwa. Lakini mtakapotoka huko msirudi moja kwa moja nyumbani. Piteni pia Sainte Famille, mkae kitambo kwa ukimya, na mumweleze mtoto kwamba hadithi aliyoiona kule kilimani ina sehemu yake nyingine hapa.

Tatu, tuwe na adabu kwa walionusurika. Wako wanaopenda kusimulia na wako ambao hawawezi. Tusimvamie shangazi kwa maswali mbele ya wageni kwa sababu tu Aprili imefika. Akianza mwenyewe, tuache kazi tumsikilize, tusimkatize wala kumsahihisha tarehe. Baadaye, kwa idhini yake, kijana anayejua kuandika vizuri ayaandike majina aliyoyataja: ya waliokufa, na ya waliomficha. Miaka mingi imepita tangu mwaka 1994. Waliokuwa na miaka 40 wakati ule wamezeeka, na kila mwaka tunawazika baadhi yao pamoja na majina ambayo hayajaandikwa popote.

Shauri la nne ni letu sote. Katika nyumba zetu watoto hujifunza mapema ni nani anayekaribishwa na nani anayeachwa nje. Hujifunza kwa kuona mama anavyomjibu jirani aliyekuja kuomba chumvi, na baba anavyozungumza juu ya mtu wa kabila jingine mgeni akishaondoka. Bibi Zura hakujifunza kufungua mlango mwezi wa Aprili 1994. Alikuwa amezoea tangu zamani kuwapokea wagonjwa waliomwendea kutafuta dawa, bila kuwauliza kabila lao. Siku mauaji yalipoanza, aliendelea na desturi yake.

Basi, vijana wa Gisimenti, endeleeni kuzisimulia habari za Stirling na za Wingate, maana ni sehemu ya historia ya dunia. Lakini mkifika mahali askari alipogonga mlango usiku, simameni hapo kidogo, mseme pia habari za mwenye nyumba.

Hadi wiki ijayo, inshallah, ambapo tutazungumzia uhifadhi wa maharage na mahindi baada ya mavuno. Kwaherini.